Firimbi Mbili za Mwalimu Luan

Watoto wa Zangjiagou walijifunza kuiogopa firimbi kabla hawajajifunza kusoma. Ilikuwa firimbi ya bati, imebonyea ubavu mmoja, na ilining'inia shingoni mwa Mwalimu Luan Decheng kwa kamba ya kiatu. Ikilia katikati ya somo la hesabu, kila mtoto alijua kuna mwenzao anakwenda kugeuzwa mnyama.

"Tundu moja," Mwalimu Luan alikuwa akisema, "lina kuku na sungura. Vichwa ishirini. Miguu hamsini na minne. Kuku wangapi? Sungura wangapi?"

Makaa yanapasuka kwenye jiko la darasani, jiko ambalo lilimpasha moto mwalimu peke yake.

"Hakuna? Haya. Wewe, wewe na wewe, kuku. Nyie wengine sungura. Njooni mbele."

Akapuliza mara ya kwanza. Kila mnyama anainua mguu mmoja. Vichwa ishirini, basi miguu ishirini imetoka ardhini, imebaki thelathini na minne. Akapuliza mara ya pili. Kila mnyama anainua mguu mwingine, imebaki kumi na minne. Kuku hana tena mguu wa kusimamia, kwa hiyo anakaa kwa makalio, na sakafu ya darasa lile wakati wa baridi ilikuwa udongo ulioganda kama chuma. Waliobaki wamesimama ni sungura, kila mmoja kwa miguu miwili. Kumi na minne kwa mbili, saba. Sungura saba, kuku kumi na watatu.

"Mmeona? Firimbi mbili, hesabu imekufa. Kuku, msinyanyuke. Mtakaa hapo mpaka yule mjinga wa mwisho aelewe."

Na mjinga wa mwisho huchelewa kuelewa. Wapo watu wazima kijijini mpaka leo ambao mvua ikikaribia kiuno kinawauma, nao husema, "Hicho ni kiuno cha Mwalimu Luan."

Lakini usimnyime haki yake. Kichwa chake kilikuwa kitu cha ajabu. Kwenye harusi wanaume walimzunguka na bakuli za pombe kali, wakamrushia mafumbo. Ndugu watatu, wa kwanza na wa pili umri wao pamoja ni huu, wa pili na wa tatu ni huu, wa kwanza na wa tatu ni huu, je, kila mmoja ana miaka mingapi? Luan alijibu kabla bakuli halijagusa meza. Hakuandika. Hakufumba macho. Alikuwa anayaona majibu kama wewe unavyoiona pua ya mtu aliye mbele yako. Katika maisha yake yote hicho ndicho kitu pekee ambacho watu walimshangilia, kwa hiyo alikilinda kama mbwa anavyolinda mfupa.

Ndiyo maana alimfanya Yan Baotian alichomfanya.

Baotian alikuwa na miaka kumi, mtoto mkimya mwenye kaka anayesoma mjini. Siku moja, badala ya kungoja firimbi, alinyoosha mkono. "Mwalimu, tuseme sungura ni x."

"Nani?"

"x, Mwalimu."

"Huyo x ni mtoto wa nani hapa kijijini?" Darasa likacheka. "Anakula nini? Ana miguu mingapi?"

"Ni herufi tu. Inakaa mahali pa kitu ambacho hatukijui."

"Wewe ndiye hukijui. Mimi nakijua." Luan alikuwa anatabasamu, na wanafunzi waliomfahamu wakaacha kucheka. "Shuka chini. Mikono na magoti. Utakuwa sungura mpaka x aje kukufungua."

Ilikuwa mwezi wa kumi na moja. Tangu siku ile mpaka sikukuu ya Mwaka Mpya, Baotian aliingia darasani kwa miguu minne, kutoka mlangoni mpaka kwenye dawati lake, kila asubuhi. Mama yake alikuja na kikapu cha mikate ya mvuke iliyotiwa tende.

"Mwalimu, mtoto magoti yamechubuka. Suruali ni ile ile moja."

"Mama Baotian, sungura hachubuki magoti. Ana manyoya."

Mikate aliipokea. Wa kwanza aliula pale pale mbele yake, akamwambia tende ni chache.

Hayo yakapita. Baotian akahama na kaka yake, jina la Sungura likamsindikiza mpaka kituo cha basi, akapotea. Luan akaendelea kupuliza. Ikafika miaka ishirini na sita ya kufundisha, naye bado hakuwa kwenye orodha ya serikali. Alikuwa mwalimu wa kijiji: analipwa na kijiji, magunia ya ngano, karanga za mwisho wa mavuno, na noti chache za kuvunja moyo. Walimu wa orodha walikula nafaka ya serikali. Wakizeeka, serikali inawalisha, wakifa, inawazika. Luan akizeeka angekula mkono wake.

Kisha, mwaka wa tisini na tano, tangazo likaja kutoka wilayani. Walimu wote wa kijiji watafanya mtihani mmoja, wa mwisho. Atakayepata alama sitini ataingia kwenye orodha. Atakayekosa ataacha darasa baada ya mavuno ya karanga na kurudi shambani. Swali la mwisho la hesabu litafanywa kwa milinganyo.

Mkewe, Mama Caixia, alisomewa tangazo akiwa anageuza chapati nyembamba kwenye bamba la chuma. "Milinganyo ni nini?"

"Ni x," akajibu Luan, kama mtu anayetaja ugonjwa.

"Kumbe! Yule x wa mtoto wa Yan?" Alicheka mpaka chapati ikaungua. "Basi amekuja kumfungua. Kachelewa kidogo tu."

Nyumba nzima ilikuwa na mtu mmoja aliyeijua x, naye alikuwa bandani analisha nguruwe.

Caixia alikuwa na miaka kumi na saba. Aliwahi kusoma sekondari ya mjini mwaka mmoja tu, na mwaka huo katika milinganyo hakuna aliyemfikia. Kisha baba yake akaenda kumchukua. Mtu alihitajika shambani kwenye karanga wakati yeye anafundisha watoto wa wengine. "Jina lake anajua kuliandika," alimwambia mwalimu mkuu. "Nguruwe hawatamdai zaidi ya hapo." Vitabu vyake vya hesabu vilikuwa na karatasi nzuri, nzito. Luan alizichana, akafunikia mitungi ya mboga za chumvi.

Sasa alisimama mbele ya mitungi ile na kubandua kurasa moja moja. Zilinuka chumvi na siki. Nyingine zilikuwa na duara la ukungu mahali pa jibu.

Walianza baada ya chakula cha mchana, uani, wakiandikia juu ya rundo la mifuko. Caixia alikaa chini, baba yake kwenye kigoda. Hivyo ndivyo alivyotaka baba: mwanafunzi juu, mwalimu chini.

"Vikapu vitatu vya karanga," akasema Caixia. Alikuwa na sauti ndogo isiyopanda wala kushuka. "Cha kwanza na cha pili pamoja kilo themanini na tatu. Cha pili na cha tatu, tisini na moja. Cha kwanza na cha tatu, sabini na nane."

"Thelathini na tano, arobaini na nane, arobaini na tatu."

"Nani amekuuliza jibu, baba?"

"Umeniuliza wewe."

"Nimekuuliza unaanzaje. Andika: kikapu cha kwanza ni x."

"Kikapu cha kwanza ni thelathini na tano!"

"Hukijui."

"Nakijua!"

"Basi jifanye hukijui."

Alimzaba kibao. Kalamu ilimtoka Caixia mkononi, ikaviringika mpaka kwa kuku. Kutoka jikoni mama yake akapaza sauti: "Mtandike vizuri, Baba Caixia! Labda x itamtoka puani uiokote!"

Caixia akaifuata kalamu, akaifuta kwenye suruali, akarudi kukaa pale pale. Shavu lilikuwa jekundu, macho makavu. "Kikapu cha kwanza," akasema, "ni x."

Ikawa hivyo majira yote ya joto. Luan hakupata shida na hesabu, hesabu aliimaliza kabla ya swali kuisha. Kilichomshinda ni kukaa mbele ya karatasi na kukiri, kwa mwandiko wake mwenyewe, kwamba kuna kitu hakijui, na kukipa kitu hicho jina, na kukibeba kwa adabu kutoka mstari hadi mstari kama mgeni mheshimiwa. Jasho lilidondokea kwenye z. Lakini alijifunza. Mpaka karanga zinakomaa aliweza kuandika mistari tisa, pole pole, bila kukosea, na Caixia akaanza kumwekea alama ya vema kwa penseli, ndogo sana, pembeni.

Siku ya kwenda kwenye mtihani Caixia alimfungia chapati na kitunguu cha majani. "Baba. Ukiliona jibu, lifunike. Kama bakuli. Usilifunue mpaka mstari wa mwisho."

"Unafikiri unaongea na mtoto?"

"Hapana," akasema Caixia. "Mtoto ningeshamaliza kumfundisha zamani."

Chumba cha mtihani kilikuwa na walimu wa kijiji arobaini na watatu, wote na nywele za mvi, magoti yamebanwa kwenye madawati ya watoto. Msimamizi aliingia na bahasha. Suruali yake ilipigwa pasi ikawa na mstari wa kukata kidole. Alikuwa na miwani. Luan alimtambua alipogeuka kuandika saa ubaoni, kwa namna alivyoinua bega: Yan Baotian, sasa ofisa wa elimu wa wilaya.

Luan akainamisha kichwa, akafanya kazi. Maswali ya lugha yalikuwa mabaya, ya jiografia mabaya zaidi. Akafika swali la mwisho. Alama kumi na mbili. Mfugaji ana kuku, bata na sungura. Kuku na bata pamoja ni hamsini na saba. Bata na sungura ni sitini na watano. Kuku na sungura ni hamsini. Kwa kutumia milinganyo, tafuta idadi ya kila aina.

Ishirini na mmoja, thelathini na sita, ishirini na tisa. Majibu yalimwangukia kabla hajafika kwenye nukta. Akayafunika. Kweli aliyafunika, alikaza taya, akachukua karatasi ya rasimu, akaandika: *Tuseme kuku ni x, bata ni y.* Kalamu ikasita kidogo. Alikuwa anapumua.

Kivuli kikaanguka juu ya karatasi. Kilinuka sabuni nzuri.

"Taratibu tu, Mwalimu," ikasema sauti, chini chini, karibu na sikio. "Tuseme sungura ni z."

Na kivuli kikaondoka.

Luan hakugeuka. Nyuma yake kuna mtu alikohoa, au alicheka. Alitazama magoti ya suruali ile yakienda zake kati ya madawati, hayana hata kunyanzi. Kama yule kijana alitaka kumsaidia, ilikuwa aibu. Kama alitaka kumdhihaki, ilikuwa aibu. Alijaribu kuipima sauti ile, akaigeuza huku na huku, na kwa mara ya kwanza katika miaka arobaini na tisa mbele yake palikuwa na kitu ambacho kichwa chake hakikuliona jibu lake.

Akaikata rasimu kwa mstari mmoja. Kwenye karatasi safi akaandika, kwa mwandiko wake mzuri wa harusi: *Jumlisha zote tatu, mia moja sabini na mbili. Kila mnyama amehesabiwa mara mbili. Nusu yake ni themanini na sita. Toa hamsini na saba, sungura ishirini na tisa. Toa sitini na tano, kuku ishirini na mmoja. Toa hamsini, bata thelathini na sita.* Na chini yake, kwa sababu wino ulikuwepo na hasira ilikuwepo: *Hesabu hii haihitaji herufi za kuazima. Mwenye akili aone.*

Alitoka wa kwanza. Njiani kurudi alikula chapati zote na kuimba.

Matokeo yalisomwa uani mwa ofisi ya kata, mbele ya walimu wote waliofanya mtihani, na karatasi nyekundu ikabandikwa ukutani. Luan Decheng, hamsini na moja. Alisoma tena. Hamsini na moja. Ongeza kumi na mbili: sitini na tatu. Hiyo nayo aliifanya bila herufi.

Baotian akapanda juu ya ngazi. "Kabla hamjatawanyika, kuna karatasi moja nataka muisikie. Jina la mtu nimeliacha." Akasoma, neno kwa neno, bila haraka, kwa sauti ya mtu anayesoma barua ya mpendwa. Alipofika *herufi za kuazima* ua wote ulilipuka. Alingoja kicheko kitulie. "Jibu ni sahihi. Njia ni sahihi. Swali lilitaka milinganyo, milinganyo hakuna: sifuri. Mwandishi ametuomba tuone." Akaikunja karatasi. "Tumeona."

Luan alicheka pamoja nao. Alicheka kwa nguvu kuliko wote, huku akimpiga bega jirani yake.

"Luan," akasema jirani, "mbona masikio yako yamekuwa mekundu hivyo?"

Akaacha kucheka. Na wale walio karibu wakaelewa, wakaambiana, na kicheko cha pili kikawa kikubwa kuliko cha kwanza.

Watu walipopungua alimfuata Baotian mpaka kwenye baiskeli yake. "Siku ile," akasema. "Pale mezani. Ulikuwa unanisaidia, au unanicheka?"

Baotian alivua miwani, akaipangusa kwa kitambaa, akaivaa tena. "Hilo lihesabu kichwani, Mwalimu," akasema. "Wewe huhitaji herufi."

Nyumbani mkewe alikuwa ameweka gunia tupu katikati ya chumba. "Nafaka ya serikali tuitie humu," akasema. "Au haitatosha?"

Caixia alikuja na ndoo ya makapi, akasimama mlangoni. "Ulilifunika?"

Baba yake aliinama kufungua kamba za viatu. Caixia alimtazama kwa muda, kisha akaenda kwa nguruwe.

Karanga zikavunwa. Siku ya tatu baada ya mavuno, Katibu Zang wa kijiji aliingia uani akiwa na chupa mbili za pombe na kuku hai kwapani. Luan alipoviona vitu vile, moyo ulimruka. Hakuna anayembebea mtu aliyefukuzwa kuku. Aliinuka, akafuta kigoda kwa mkono wa shati, akamimina chai yeye mwenyewe.

"Kaka Luan," akasema Katibu, "shule haiwezi kukaa bila mtu."

"Ndicho ninachosema. Miaka ishirini na sita!"

"Vitabu vipya vimekuja. Herufi zinaanza darasa la tano."

"Herufi nazijua. Mwulize yeyote humu ndani. x, y, z, zote nazijua!"

"Karatasi yako, kaka, kata nzima imeisikia. Mpaka muuza tofu anaisoma kwa moyo." Katibu alikunywa chai. "Tumetafuta mtu wa bei yetu. Nusu ya ulichokuwa unapata wewe." Akageuza shingo kuelekea banda la nguruwe. "Binti yupo?"

Kuku akafurukuta kwapani. Mama Caixia akawahi kumpokea, akampima uzito kwa mkono, akaita, "Caixia! Nawa mikono, una mgeni!"

Caixia alisikiliza akiwa amesimama. Hakutabasamu. Nusu ya malipo aliikubali bila kubishana. "Nitataka ufunguo," akasema. "Na chaki. Na ile firimbi."

"Firimbi ya nini?" Luan akaishika kifuani. "Wewe si una x?"

"Ya kuitia watoto toka nje. Ni mali ya shule."

Wote wakamtazama. Katibu naye akamtazama, huku anatafuna mbegu za maboga. Luan aliinua mikono, akaivua kamba juu ya kichwa. Ikanasa kwenye sikio, akahangaika nayo, na hakuna aliyemsaidia.

Siku ya kwanza ya masomo Luan alipita nyuma ya shule na ndoo mbili za samadi begani. Hakukuwa na haja ya kupita pale. Shamba lake lilikuwa upande wa pili. Dirisha lilikuwa wazi. Ubaoni, kwa mwandiko mdogo ulionyooka, palikuwa na tundu lenye vichwa thelathini na miguu themanini na sita. Watoto walikuwa wanapiga kelele kama kawaida ya siku ya kwanza. Caixia akaipuliza firimbi, mara moja, wanyamaze.

Watoto arobaini wakanyamaza, wakasimama, na kila mmoja akainua mguu mmoja.

Walitazamana, wakaanza kucheka. Nje, Luan alisogea karibu na dirisha. Ndoo zilikuwa zimeshatua chini, hakujua saa ngapi.

"Mara ya pili!" akaita, akishika nondo za dirisha. "Caixia! Puliza mara ya pili! Zimebaki hamsini na sita, sasa toa thelathini tena! Kuku hawajakaa!"

Vichwa vyote vikageuka. Mtoto wa mbele akaziba pua. "Mwalimu, yule mzee wa mavi anasema upulize tena."

"Yule si ndiye..." akaanza mwingine.

Caixia alimtazama baba yake. Alimtazama muda ule ule aliomtazama siku ya matokeo. Kisha akaja dirishani, akalifunga, na sauti yake ndogo ikapita kwenye kioo bila kupanda wala kushuka.

"Kaeni. Chukueni kalamu. Tuseme hatumjui," akasema. "Tumwite x."

Watoto wakainama, wakaandika.